Sauti Nyuma ya Mlango wa Afisa

Watu wengi hawafurahi kuniona, na siwalaumu. Ukiniona nimesimama getini kwako na bahasha ya kahawia, ujue kuna mtu amekushtaki, au umeshindwa kesi, au mahakama imekuamuru ufanye jambo ambalo hukuwa na nia ya kulifanya. Kazi yangu ni kupeleka hati za mahakama, na nimeifanya katikati ya jiji la Nairobi kwa zaidi ya miaka ishirini. Ofisi ya wakili ninayemfanyia kazi iko ghorofa ya nne, kwenye jengo lenye lifti inayofanya kazi ikijisikia. Nimefungiwa mageti, nimefunguliwa mbwa, na mama mmoja aliwahi kunimwagia maji ya vyombo akidai hakuniona, mimi mwenye mwili huu. Hayo yote huwa nayasimulia nikicheka. Kuna moja ambalo sikulisimulia kwa mtu yeyote hadi mwaka huu.

Nieleze kwanza jinsi kazi yenyewe inavyofanyika, maana kosa langu limo humo humo. Hati ya kawaida ukiipeleka ofisi ya serikali, unampa karani nakala mbili. Moja anabaki nayo, ya pili anaigonga muhuri wa kupokea, wenye tarehe, na wewe unarudi nayo. Muhuri huo ndio uhai wetu. Wakili akiuona anatulia, mteja akiuona anaamini kazi imefanyika, na mimi mwenyewe nikiuona natafuta mahali pa kunywa chai. Tumeuzoea mpaka tunasahau kwamba wino hauna masikio wala macho.

Lakini ipo hati moja ambayo muhuri wa karani hautoshi. Ni amri ya mahakama yenye onyo, ile inayomwambia afisa fulani, kwa jina na kwa cheo, kwamba asipotii anaweza kufungwa jela. Hiyo sharti umkabidhi yeye mwenyewe, mkononi, au ithibitike kabisa kwamba alikuwa na habari zake. Mtu hawezi kufungwa kwa kukaidi jambo ambalo hakulijua. Sina ugomvi na sheria hiyo. Ni ya haki.

Mteja wetu alikuwa mwalimu mstaafu, mjane, mkazi wa Kitisuru. Mtu akisikia Kitisuru huwaza mabalozi na mabwawa ya kuogelea. Yeye alikuwa hapo kabla ya mabwawa. Familia ya mumewe ilikuwa na kile kipande cha ardhi tangu enzi za kahawa, na majirani walipouza mmoja mmoja, wao walikaa tu, na nyumba yao ya mawe, mparachichi wao na ng'ombe wao mmoja aliyekuwa akiwakera wageni wapya kwa kulia asubuhi. Mume alipofariki alizikwa pale pale, mwisho wa bustani, karibu na ua wa michongoma. Alitaka hivyo mwenyewe. Kila alasiri Mwalimu alikuwa akienda kukaa pale na kumsomea gazeti kwa sauti, hasa habari za siasa, kwa sababu mzee alipenda sana kubishana.

Kisha kiwanja cha upande wa pili wa ua kikauzwa. Mipango ya eneo lile ilikuwa nyumba moja ya familia kwa kila kiwanja, lakini siku moja bango likasimamishwa lenye picha ya ghorofa kumi, na chini yake maegesho ya magari ya kuchimbwa ardhini. Tingatinga likaingia. Shimo likachimbwa hadi mpakani kabisa, wima, bila hata kitu kimoja cha kuzuia udongo.

Nilipokwenda mara ya kwanza kuchukua sahihi yake, hakunikaribisha nyumbani. Alinipeleka moja kwa moja kaburini. Nusu ya michongoma ilikuwa imeanguka shimoni, na nusu iliyobaki ilining'inia ikionyesha mizizi.

"Unaona hapa?" akaniambia. "Kutoka kwa mzee mpaka kwa hilo shimo ni hatua mbili na nusu. Nimepima na miguu yangu. Wiki jana zilikuwa tatu."

"Mwalimu, na hamwezi kumhamisha?" Nilimuuliza hivyo kwa upumbavu, kama mtu anayeuliza habari ya kabati.

"Ahamishwe aende wapi? Ako kwake."

Nilichukua sahihi nikaondoka, lakini nilijikuta ninahesabu hatua zangu kuanzia pale hadi getini.

Jaji wa mahakama ya ardhi aliielewa kesi upesi. Mjenzi alikuwa na kibali chenye sahihi ya afisa wa mipango, kwa hiyo mahakama ilimgeukia afisa mwenyewe. Akaamriwa, ndani ya siku saba kuanzia siku atakayopokea amri, asimamishe uchimbaji na ahakikishe ukingo umezuiwa usiporomoke. Wakili wangu, mtu mpole ambaye sijawahi kumsikia akipaza sauti, alinipa bahasha kwa mikono yake miwili.

"Hii ni mkononi mwake," akasema. "Usiniletee stempu ya karani."

"Nimesikia."

Na kweli nilikuwa nimesikia.

Ofisi ya afisa ilikuwa mwendo wa dakika kumi kwa miguu kutoka kwetu. Pale nje ya mlango wake alikaa sekretari wake, na sekretari huyo alikuwa jirani yangu mtaani Woodley. Tunakaa kwenye zile nyumba za zamani za kanjo, yaani za baraza la jiji, mlango wake na wangu imetenganishwa na mlango mmoja tu, na kanisani tunaimba sauti ya pili pamoja, bega kwa bega. Mumewe alikuwa amepatwa na kiharusi mwaka uliotangulia. Sisi akina mama wa kikundi cha kanisa tulipeana zamu za kumpelekea uji na kumgeuza kitandani mke akiwa kazini. Kwa hiyo nilijua shida za nyumba ile hadi ndani ya sufuria.

"Sasa, mama," akanisalimia akitabasamu. "Leo umetuletea nini?"

"Ni ya bosi. Lazima nimpee yeye mwenyewe."

Tabasamu likatoka. "Bosi ako saiti, huko kwa wajenzi."

Mlango ulio nyuma yake ulikuwa haujafungwa vizuri. Ulikuwa umeachwa wazi upana wa vidole viwili hivi. Kutoka ndani ikaja sauti ya mwanamume, kavu, ya mtu asiye na haraka yoyote duniani.

"Ni ile ya Kitisuru? Ipige stempu aende. Mimi siko."

Tulitazamana, mimi na sekretari. Hakuna aliyejitia hakusikia. Alisogea mbele kwenye kiti chake, akaninong'oneza.

"Tafadhali. Alisema nikiachilia mtu wa korti tena aingie, kontrakti yangu imeisha. Na unajua vile kwangu kuko."

Nilijua. Nilijua pia kwamba kutoka nilipokuwa hadi kwenye ule mlango hakukuwa hata na hatua sita. Nimesukuma milango migumu kuliko ule. Nimewahi kumkabidhi mtu amri akiwa kwa kinyozi, nusu ya kichwa imenyolewa. Ningesukuma, ningeweka karatasi mezani kwake, ningesema maneno yangu na kutoka, na kazi ingekuwa imekwisha. Badala yake nilimpa jirani yangu nakala mbili. Akagonga muhuri mara mbili, kwa nguvu, kama mtu anayeua mende. Kisha akanimiminia chai kutoka kwenye thamosi yake, nami, kwa aibu zote, nikainywa hadi mwisho.

Hapo bado kosa lingeweza kurekebishwa. Ningerudi kwa wakili na kumwambia, "Nimeshindwa kumfikia, nitajaribu kesho." Lakini ofisini kwetu tulikuwa na hati ya kiapo iliyokwisha kuandikwa kwenye kompyuta miaka mingi nyuma, ambayo kila mpeleka hati huijaza tu. Unabadilisha tarehe, jina na mahali. Maneno mengine yanabaki yalivyo: nilimkabidhi mhusika yeye mwenyewe, akaipokea, akakataa kutia sahihi. Nilibadilisha tarehe. Nikabadilisha jina. Nikaiacha ile sentensi. Nilishuka kwa kamishna wa viapo, ambaye huapisha watu huku anaongea kwenye simu, na kwa kitendo hicho nikawa nimeapa uongo kabla ya saa sita mchana.

Nilijitetea moyoni. Si anajua? Si nimemsikia kwa masikio yangu akisema Kitisuru? Tofauti ya mkono na mlango ni nini? Niliamini utetezi huo, na usingizi ulikuja kama kawaida.

Siku saba zikapita. Tingatinga halikuzimwa hata kwa saa moja. Mwalimu akapiga simu ofisini, nikaipokea mimi.

"Zimebaki mbili," akasema, akakata.

Wakili akaandika ombi kwamba afisa aadhibiwe kwa kuidharau mahakama. Alikuwa na uchangamfu ambao sikuuzoea. Haja yake haikuwa afisa afungwe, ila aogope. "Afisa akionyeshwa mlango wa jela," aliniambia, "hiyo mashini itazimwa mchana huo huo. Na kiapo chako ndicho kila kitu." Mvua za masika zilikuwa zimekaribia, na kila mtu aliyewahi kuona udongo wa Kitisuru anajua jinsi unavyokuwa ukilowa.

Siku ya kusikizwa, upande wa afisa ulikuja na wakili msichana, mdogo kuliko binti yangu, mwenye adabu za kupendeza. Aliomba nihojiwe kuhusu kiapo changu. Mambo yalisemwa kwa Kiingereza, nami nayaandika hapa jinsi yalivyobaki kichwani mwangu.

"Unasema ulimkabidhi mteja wangu amri, mkononi."

"Ndivyo nilivyoapa."

"Mteja wangu yumo humu ndani. Tafadhali tuonyeshe."

Upande wao waliketi wanaume watano, wote wa suti nyeusi, wote wa umri ule ule, wote wakinitazama. Nilipitisha macho kutoka wa kwanza hadi wa tano na kurudi. Ningeweza kubahatisha. Kwa muda mfupi nilitaka kweli kubahatisha, na kidole changu kilikuwa kimekwisha kuinuka kutoka kwenye ubao wa kizimba.

"Siwezi," nikasema.

"Huwezi kwa sababu hukuwahi kumwona?"

"Sikumwona."

Jaji akavua miwani. Akaniuliza kama naelewa nilichokisema, na kama naelewa kiapo changu kinasema nini. Nikamwambia naelewa, kiapo si kweli, nilimwachia sekretari. Wakili wangu hakuinua kichwa. Kisha jaji akamwomba afisa asimame ajitambulishe, ili kumbukumbu zikae sawa.

Wa pili kutoka mwisho akasimama. Alikuwa mdogo wa umbo kuliko nilivyomwaza. Akasema kwamba yeye ni mtumishi anayeheshimu mahakama, na kwamba amri hiyo ilimfikia mezani kutoka masjala wiki kadhaa baadaye, alipopewa habari za ombi hili.

Ilikuwa ile sauti. Kavu ile ile, bila haraka ile ile. Nilishika ubao mbele yangu kwa mikono miwili. Nisingeweza kumchagua kwa uso kati ya wanaume watano, lakini kwa sauti ningemchagua hata kati ya mia.

Wakili wangu akasimama. Anayo haki ya kumuuliza shahidi wake baada ya kuhojiwa, na nadhani aliuliza kwa kukosa la kufanya tu.

"Je, kuna jambo lingine lolote kuhusu siku ile ambalo ungependa mahakama ilijue?"

Swali lilikuwa hilo. Sijawahi kuulizwa swali la wazi zaidi maishani. Nilitazama nyuma ya chumba. Jirani yangu alikuwa ameketi kwenye benchi la mwisho, ameletwa na upande wa pili kueleza jinsi barua zinavyopokelewa, daftari la masjala juu ya magoti yake. Hakunitazama. Alikuwa akitazama mikono yake.

"Hapana," nikasema.

Kwa muda mrefu nilijiambia kwamba nilifanya vile kwa ajili yake, kwa ajili ya yule mgonjwa kitandani. Hiyo ni nusu. Nusu ya pili ni kwamba niliogopa. Nilikuwa nimekiri kiapo cha uongo mbele ya jaji, na nikaona kwamba nikianza sasa kusema habari za sauti na mlango, watasema mwongo ameongeza mwingine, na pengine nitalala rumande. Nilitaka tu kushuka pale kizimbani. Niliuza kaburi la mtu ili nishuke vidato vitatu.

Uamuzi ulitolewa mchana huo huo. Jaji alisema kudharau mahakama ni jambo linaloweza kumnyima mtu uhuru wake, kwa hiyo ushahidi lazima uwe mzito. Haikuthibitishwa kwamba afisa alikabidhiwa amri, wala kwamba alikuwa na habari zake. Ombi likatupwa. Amri yenyewe ilibaki hai, akatuagiza tuipeleke upya, inavyotakiwa, na siku saba zianze kuhesabiwa tena. Kuhusu mimi alisema nilistahili karipio kali kwa kiapo, lakini kwamba mwishowe nilichagua ukweli.

Nje, kwenye ngazi, Mwalimu alinikumbatia. Nilitarajia anitukane. Alinishika mabega yangu yote mawili.

"Ulisema ukweli, mami," akasema. "Mwingine angenyoosha kidole tu. Sasa tutaenda vizuri."

Kesho yake, Ijumaa, sikumsalimia hata jirani yangu. Nilisukuma mlango nikaingia. Afisa aliipokea amri kwa mkono wa kulia, akaisoma yote, akatia sahihi kwenye nakala yangu.

"Asante sana, madam," akasema. "Mngeleta hivi tangu mwanzo, hatungesumbuana."

Mvua ilianza Jumamosi. Jumapili asubuhi, Mwalimu akiwa kanisani, ukingo ukaporomoka.

Nilifika Jumatatu pamoja na wakili. Pale mwisho wa bustani hapakuwa na mwisho wa bustani. Palikuwa na hewa, na chini kabisa, udongo mwekundu uliolowa, na bamba la saruji la kaburi limevunjika vipande viwili, kimoja kimesimama. Vilipatikana vipande vya mbao na shikio moja la jeneza. Zaidi ya hapo hakikupatikana kitu, na mhandisi akasema wakiendelea kuchimba kumtafuta, nyumba ya Mwalimu nayo itashuka. Pasta alisoma maneno ya mazishi akiwa amesimama mbali na ukingo, wawili wamemshika koti. Mwisho Mwalimu akauliza tu, "Kwa hivyo atabaki hapo chini?"

Afisa alifika na kofia ya plastiki. Siku ya sita tangu atie sahihi akasimamisha kazi. Siku ya saba ukingo ukawa umezuiwa kwa zege imara kabisa, naye akaleta picha mahakamani. Baadaye kibali kikarekebishwa, kesi ikafungwa, kazi ikaendelea, na zege nyingine ikamwagwa juu ya shimo lote. Kwenye faili letu imeandikwa kwamba amri ilitekelezwa. Nimelisoma neno hilo mara nyingi, na kila nikilisoma natamani kumrushia mtu faili.

Sauti ile haijaniacha. Haiji kama ndoto, ingekuja hivyo ningemwambia pasta aniombee. Inakuja mchana, mahali pa kawaida, kwa midomo ya watu wasio na hatia. Mtu kwenye foleni ya benki akiambia simu yake "mimi siko," nywele zinanisimama. Siku moja niliacha toroli limejaa unga na mafuta katikati ya duka nikatoka, kwa sababu mwanamume nyuma yangu alikuwa amekohoa kama anayejiandaa kuongea. Siwezi tena kupita mlango ulioachwa wazi kidogo. Ama naufunga, ama naufungua wote. Wenzangu ofisini wanasema uzee umenianza na vituko vyake, nami nawaachia waamini hivyo.

Jirani yangu alipata kontrakti mpya ya kazi. Bado tunaimba sauti ya pili, bega kwa bega, na Krismasi ananiletea chapati zilizofungwa kwa kitambaa. Hatujawahi kuligusa jambo lile hata kwa neno moja. Wakati mwingine wimbo ukifika mahali pa kushusha pumzi, namsikia akishusha yake pamoja na yangu, na najua anajua ninachokiwaza.

Lakini aliyenitesa zaidi ni Mwalimu, kwa wema wake. Alikuwa ameamua kwamba mimi ni mtu mkweli. Aliwasimulia kanisani kwake habari za mwanamke aliyekataa kumnyooshea kidole mtu ambaye hakumwona. Alinitumia maparachichi ofisini, mfuko baada ya mfuko, hadi wakili akawa anayala kwa chumvi akisema angalau kesi ile ilituletea kitu. Mimi sikuweza kuyameza. Nilikuwa nayapeleka Woodley nikigawa mlango kwa mlango, na ule mlango wa pili kutoka kwangu nao ukipata.

Ghorofa lilipokamilika na watu kuhamia, Mwalimu alikwenda getini akaeleza shida yake. Walinzi wa siku hizi wana roho nzuri kuliko mabosi wao. Wakakubaliana kwamba mara moja kwa mwaka, siku aliyofariki mzee, ataruhusiwa kushuka hadi maegesho ya chini. Watoto wake wako ng'ambo. Akaniomba mimi nimsindikize, na nisingeweza kukataa. Alikuwa amepiga mahesabu yake ya hatua kutoka kona ya nyumba yake, akajua hasa ni wapi. Ni sehemu ya kuegesha gari moja, karibu na nguzo, sakafu yake laini imepigwa mistari ya njano.

Mwaka wa kwanza tulikaa kidogo tukaomba. Mwaka wa pili alikuja na gazeti, akasoma ukurasa mmoja.

Mwaka huu tulishuka akiwa amenishika mkono, maana magoti yamemwanza. Aliweka maua sakafuni, akasimama akiyatazama, kisha akanigeukia.

"Unajua mimi hukuombea kila asubuhi," akasema. "Nasema, Mungu, yule angeweza kudanganya na akakataa. Mbariki."

Nilikuwa nimejikaza miaka yote ile. Sijui kwa nini siku hiyo sikuweza.

"Mwalimu, nilimsikia."

"Nani?"

"Yule afisa. Siku ya kwanza nilipopeleka amri. Alikuwa ndani, nyuma ya mlango. Nilimsikia akiongea."

Hakushtuka. Alikuwa amefundisha watoto miaka thelathini na kitu, na aliuliza maswali yake kwa mpango.

"Alisema nini?"

"Alisema, 'Ni ile ya Kitisuru? Ipige stempu aende. Mimi siko.'"

"Kwa hivyo alijua."

"Alijua."

"Na kama ungesema hivyo kortini, jaji angefanya nini?"

"Sijui kama angeniamini. Lakini sekretari alikuwa pale, angeulizwa. Nafikiri angemwambia afisa aende azime ile mashini siku hiyo hiyo, ama afungwe."

"Hiyo ilikuwa siku gani?"

"Alhamisi."

Akahesabu. Niliona midomo yake ikitembea. Ijumaa, Jumamosi, Jumapili.

"Na wakili wetu alikuuliza kama kuna kitu kingine," akasema. "Nilikuwa nimekaa pale. Nilisikia akikuuliza."

"Aliniuliza."

Gari likaja likiwa limewasha taa, likasimama mbele yetu. Mwenyewe, kijana mtaratibu wa shati jeupe, akashusha kioo akatuomba samahani, akasema hapo ndipo mahali pake pa kuegesha. Niliinama kuyaondoa maua, lakini Mwalimu alinitangulia. Aliyaokota mwenyewe, moja moja, magoti yakimuuma, akayaweka chini ya nguzo. Kijana akaegesha taratibu, akatupungia mkono, akaenda kwenye lifti na mifuko yake ya sokoni.

Nikasogea kumshika kiwiko, kwa sababu njia ya kupanda ni ya mwinuko na siku hiyo ilikuwa na maji. Akauondoa mkono wake kwangu. Hakuuondoa kwa hasira.

"Wacha," akasema. "Nitashika ukuta."

Akaweka kiganja kwenye ukuta wa jengo lile, akaanza kupanda polepole. Mimi nilitembea nyuma yake hadi getini, karibu vya kutosha kumdaka akianguka, naye hakugeuka hata mara moja.